Magazini ya Mselem

Nilikuwa nimeinama nazoa maganda ya risasi kwa fagio, nalaani mgongo wangu, wakati yule mwanamke aliposimama getini. Jua lilikuwa linashuka nyuma ya kilima cha mchanga wa mgodi. Bosi alikwishaondoka.

"Tumefunga," nikamwambia kwa Kiingereza.

Hakuondoka. Nikarudia kwa Kizulu changu kibovu.

"Shikamoo, mzee Ignace," akasema taratibu.

Miaka yote niliyofanya kazi kwenye uwanja ule wa shabaha, hakuna mtu aliyewahi kuniamkia hivyo. Nikajikuta nimeshafungua geti.

Mimi ni mtu wa Bukavu. Watanzania wa Yeoville, hapa Johannesburg, wamekinyoosha Kiswahili changu kwa kunicheka, lakini nikikasirika kinarudi kwetu chenyewe. Kazi yangu ni kujaribu magazini za bastola, vile visanduku vya risasi, kabla walinzi hawajaenda nazo kazini. Kampuni ndogo za ulinzi zinapenda vya rahisi. Kuna hizi ndefu za plastiki, zinazobeba risasi karibu mara mbili ya kawaida na kuning'inia chini ya mshiko wa bastola. Mlinzi akishaipachika anajiona tajiri. Mimi namwambia kama kweli ana utajiri au ana kopo tu.

"Naitwa Yasmin," akasema. "Mke wa Mselem."

Nikaliweka fagio chini.

Hillbrow nzima ilimjua Mselem, na si kwa wema. Alikuwa mtu wa Tanga, mlinzi kwenye duka la jumla. Majambazi walikuja jioni wakati wa kufunga. Mselem alichomoa bastola, akawalenga, halafu hakupiga, wakamuua. Mwenzake, Elisée, Mkongomani mwenzangu, alipigwa risasi ya paja lakini akapona. Ndiye aliyesema neno lililommaliza Mselem mara ya pili. Alisema, "Aliishusha bastola kama mtu aliyekutana na ndugu yake."

Basi watu wakaanza kupika maneno. Kwamba aliwajua wale. Kwamba aliliuza duka. Kwamba walimuua ili asiseme. Kwenye hitima yake mikeka ilibaki mitupu, na mama yake huko Tanga aliyasikia yote kwenye simu.

Yasmin alivaa buibui jeusi, hana wanja, hana hina, hana hata bangili. Akatoa kitu kwenye mfuko wa plastiki, akakishika kwa ncha za vidole.

"Bastola ni ya kampuni. Hii aliinunua mwenyewe. Polisi wameshamaliza nayo." Akanipa. "Ijaribu, mzee wangu. Ikikwama hata mara moja, waambie watu. Waambie si yeye."

"Na isipokwama?"

Aliangalia jua.

"Niko eda," akasema. "Shehe kaniruhusu kwa sababu ni jambo la lazima, lakini magharibi inikute ndani. Naomba, baba."

Niseme ukweli, nilitaka ile magazini ikwame. Nimejaribu mamia, na sijawahi kuiombea moja ubaya kama ile.

Kila mtu ana namna yake ya kujaribu. Mimi naijaza mpaka juu, naiacha imejaa siku kadhaa nione kama springi itachoka. Halafu naiangusha kwenye sakafu ya zege, mdomo chini. Hapo nyingi za rahisi hupasuka na kutapika risasi zote. Naiviringisha kwenye mchanga wa mgodi, ule laini wa manjano unaoingia kila mahali mpaka kwenye chai. Naizamisha kwenye ndoo ya maji. Kisha napiga. Kitako chake sikifungui mpaka mwisho kabisa, hata mwenyewe anilambe miguu. Ukishaigusa springi, hiyo ni magazini nyingine, si ile aliyokuwa nayo mtu siku ile.

Niliiangusha. Haikupata hata mkwaruzo.

Niliizika mchangani. Ikatema mchanga, ikapiga.

Niliitoa kwenye ndoo inachuruzika maji. Ikapiga mpaka risasi ya mwisho, bastola ikabaki imefunguka mdomo, inavyotakiwa. Nikajaza tena. Nikapiga tena. Nikaitukana kwa Kishi, lugha ya mama yangu. Plastiki ya bei ya kutupa, nayo inafanya kazi kuliko zile za bosi zenye jina.

Yasmin aliporudi wiki iliyofuata, nilimkuta amekaa kwenye benchi nje ya chumba cha zana, mikono mapajani.

"Mama," nikamwambia, "hii kitu iko muzima. Nimeitesa yote. Iko muzima kabisa."

Akatikisa kichwa polepole, kama mtu anayehesabiwa makosa ambayo si yake. Machozi yalimtoka, akayaacha yatiririke.

"Kwa hiyo ni yeye."

"Sikusema hivyo."

"Umeijaribu saa ngapi?"

"Mchana. Kuna mwanga."

"Mselem alikufa magharibi."

Nilitaka kumwambia kwamba springi haina saa. Lakini nilimwangalia uso, nikaona ananiomba dakika moja tu ya matumaini. Jua lilikuwa limegusa kilima. Nikasema sawa. Nikajaza magazini, nikaipachika, nikamwambia akae nyuma yangu, kwenye benchi palepale, azibe masikio.

Nikasimama kwenye mstari.

Mbele yangu palikuwa na zile mita chache za udongo, kisha karatasi ya shabaha kwenye fremu yake, kisha ukuta wa mchanga. Nyuma ya fremu giza lilikuwa limeanza kujikusanya. Teksi zilipiga honi mbali barabarani. Nikakoki. Nikainua.

Kwanza ilikuja harufu.

Si baruti. Baruti naijua, naila kila siku na mkate. Hii ilikuwa kali na baridi, ikapanda puani kama dawa ya kifua... ikakaa.

Halafu zile honi zikanyamaza.

Nikaweka kidole kwenye triga.

Kulikuwa na mtu mbele ya shabaha.

Mdogo. Kimo cha kifua changu. Amenipa mgongo.

Nilidhani ni mtoto wa wale waokota vyuma wanaoruka ukuta. Nilifungua mdomo nimfokee. Ndipo nikaona sweta. Sweta ya shule, ya buluu, kiwiko cha kushoto kimeshonwa kwa uzi wa kijani kwa sababu uzi wa buluu ulikuwa umeisha nyumbani... na aliyeshona ni mimi.

Héritière.

Mwanangu alikufa kwa homa Bukavu, mwaka wangu wa kwanza hapa Johannesburg, sina hata karatasi za kusafiria. Walimzika bila mimi. Walinitumia picha ya msalaba.

Alikuwa amesimama pale, miguu imeachana kidogo, mikono ameitanua pande zote mbili, kama mtoto anayezuia mlango mwenzake asipite. Hakugeuka. Visigino vyake vilikuwa na vumbi.

Sikumbuki kuishusha bastola. Nakumbuka tu kwamba ilikuwa imeshuka.

"Mzee?" Sauti ya Yasmin, nyuma yangu, ndogo sana. "Imekwama?"

Niliendelea kuiangalia ile sweta.

"Mzee Ignace... nani ameleta karafuu maiti hapa?"

"Nini?"

"Hiyo harufu. Ndiyo tunayowatilia maiti wetu tukishawaosha."

Nilipoangalia tena, palikuwa na karatasi, fremu na mchanga. Honi zilikuwa zimerudi.

Nilitoa risasi zote, nikaenda mezani chini ya taa, nikachukua bisibisi. Sasa wakati wa kukifungua kitako ulikuwa umefika. Kiliteleza. Springi ikaruka nje, na chini yake, kimebanwa kwenye kona, kulikuwa na kifundo cha kitambaa cheupe, kidogo kuliko punje ya mahindi, kimefungwa uzi mwekundu.

Yasmin alikiona. Akakaa chini, palepale sakafuni.

"Ni mimi," akanong'ona. "Mimi nilikitia. Mselem amelala, nikaifungua kwa kisu cha jikoni, nikakitia."

Nikamwacha aseme. Alisema kwa vipande vipande. Mselem alikuwa na kaka, Suhaib, aliyemleta Johannesburg na kumpenda kama roho yake. Suhaib aliugua akafa, wakamzika hukuhuku. Sanda ilipokatwa, Yasmin aliokota kipande kilichobaki, akakificha kwenye sanduku. Baadaye walinzi walipoanza kuuawa kila wiki, alikwenda kwa mganga mmoja Hillbrow, ghorofani, akakipeleka kile kipande. Mganga alikifunga, akakisomea.

"Aliniambia nini?" Yasmin alikuwa kama anaongea na sakafu. "Aliniambia atakayeibeba silaha hii, hatari ikimjia, au akiinua magharibi, watu wake waliotangulia watakuja kumkinga. Nilifurahi, mzee. Usiku ule nililala usingizi."

Nikamwambia niliyemwona. Nikamwambia kuhusu sweta. Nikamwambia alikuwa amenipa mgongo, ametanua mikono.

Aliangalia kule kwenye shabaha.

"Basi Suhaib alikuja," akasema. "Alikuja kweli. Akasimama mbele yake."

"Ndiyo, mama."

"Angempigaje risasi kaka yake?"

Hapo ndipo alipolia. Hakupiga kelele. Aliuma ncha ya mtandio akatikisika mwili mzima, nami nikasimama pembeni na bisibisi yangu, mtu mzima asiye na faida. Jua lilikuwa limezama zamani, na yeye hakuwa ndani kwake.

Nilipompeleka stendi ya teksi alinishika mkono wa shati. "Usiwaambie hili. Mama yake asijue. Waambie ilikwama."

"Nitawaambia."

"Na hicho kitambaa kichome."

"Nitakichoma."

Kwetu pale uwanjani kuna desturi. Magazini iliyoshindwa hupondwa kwa nyundo mbele ya watu, isije ikarudi sokoni. Nilimwita Elisée na magongo yake. Nilimwita shehe. Nikawaonyesha magazini ya plastiki, ndefu, nikawaeleza inavyokwama risasi ikiwa njiani. Nikasema mtu akivuta triga na bastola ikakataa, mkono wenyewe hushuka. Akili inakuwa bado haijaelewa. Elisée aliinamisha kichwa. Nikapiga nyundo mpaka ikawa vipande.

"Eish," akasema Elisée. "Na mimi nilisema nini, yaya, kaka yangu. Nilisema nini juu ya yule mutu."

Hitima ya pili ilijaa mpaka kwenye korido. Mama yake alipiga simu kutoka Tanga, akalia na mkwe wake. Yasmin alimaliza eda, na nasikia amefungua meza ya kushona pale Yeoville. Tukikutana ananiuliza swali moja tu, kwa macho, nami najibu kwa kichwa. Ndiyo. Nimekichoma.

Niliyoiponda ni magazini nyingine ya aina ileile. Zinauzwa kila kona.

Ile ya Mselem iko kwenye sanduku langu la zana, springi imerudi mahali pake, na kitambaa kimerudi mahali pake. Bosi akishaondoka najaza. Nasubiri jua liguse kilima. Nainua.

Anakuja.

Mwanzoni nilikuwa namwita kwa jina. Nilimwambia mama yake ameolewa tena na anamtaja kila Krismasi. Nilimwomba msamaha kwa msalaba ambao nimeuona pichani tu. Hageuki. Nimeshazoea, mgongo wake unanitosha, na kile kiwiko chenye uzi wa kijani. Baba wengine hawana hata hicho.

Lakini kuna jambo nililochelewa kuliona. Siku ile ya kwanza alikuwa amesimama mbele ya shabaha. Wiki iliyopita alikuwa katikati ya uwanja. Jana nilisikia anavyohema, pumzi fupifupi za mtoto aliyechoka, na harufu ya karafuu maiti ilikuwa karibu kiasi cha kunitoa machozi. Anakuja kinyumenyume. Mikono bado ameitanua, lakini inatetemeka.

Mganga alisema watakuja kumkinga mtu. Hakusema dhidi ya nini. Nikiangalia juu ya bega lake, kule kwenye ukuta wa mchanga, giza linakuwa zito mahali pamoja kuliko pengine, na yeye analitazama hilo, siyo mimi.

Ningeweza kuacha. Ningeweza kuichoma kweli. Ila nikiacha, yeye si atabaki nalo kule peke yake?

Leo jua limeshagusa kilima. Nimejaza. Mwanangu alikufa akiwa darasa la nne, hajawahi hata kuvuka barabara bila kushikwa mkono.