Barafu Mdomoni

Kila asubuhi, kabla gari la studio halijapiga honi chini ya ghorofa lao mjini Minsk, Taisia alimaliza uji wake wa semolina, akafunga skafu nyekundu ya shule, akabeba vitabu. Hesabu alizifanyia garini. Alikuwa darasa la tano, na hiyo ilikuwa filamu yake ya kwanza.

Filamu ilikuwa ya kiangazi, nao walikuwa bado katika baridi ya Machi. Wafanyakazi walifagia theluji kando ya mto, wakachomeka maua ya karatasi. Watoto walivaa magauni mepesi. Kabla ya kamera kuwashwa, Shangazi Klavdia, msaidizi wa mwongozaji, aliwagawia vipande vya barafu vya kupoza pumzi zao.

"Mumunyeni, wanangu! Mkitoa mvuke mdomoni, nani ataamini ni joto la Julai?"

Asubuhi moja koo la Taisia liliwaka moto. Hakumwambia mtu. Muuguzi wa studio, aliyewapima watoto homa kila asubuhi, alipogeuka, alikitoa kipimajoto kwapani, akakirudisha dakika ya mwisho. Alimwogopa Nonna, msichana aliyefanana naye, aliyewekwa akiba achukue nafasi yake akiugua.

"Mbona unameza mate kwa shida?" Nonna aliuliza. "Unaumwa wewe."

"Unaumwa mwenyewe! Unaivizia nafasi yangu kama paka na maziwa."

"Haya, malkia. Usije ukalia tu."

Taisia akatia barafu mdomoni. Kamera ikawashwa. Alitakiwa kukimbia huku akimwita kaka yake wa filamuni ng'ambo ya mto. Alifungua kinywa, ukatoka mluzi mkavu. Hatua chache mbele, akaanguka juu ya maua ya karatasi.

Kule hospitali daktari alisema mapafu yameshaguswa. Kwa siku nyingi Taisia alilia akiwa ameugeukia ukuta, hata mama yake alipokuja.

Siku moja mwongozaji, Lev Arkadyevich, alikuja na chupa ya jemu ya kutia kwenye chai, dawa ya koo.

"Gauni langu amepewa Nonna?" Taisia alinong'ona.

"Amepewa. Atakayekimbia akionekana mgongo tu ni yeye. Uso utabaki wako."

Taisia akalia, kisha akamweleza habari ya kipimajoto. "Nilidhani sauti ikipotea, na nafasi imepotea."

"Sauti!" Mzee alishika kichwa. "Mtoto wewe, pale mtoni chombo chetu kinanasa upepo tu. Maneno yote tunayarekodi upya studio, mwezi wa tano. Hukuuliza?"

"Niliogopa."

"Ungesema asubuhi ile, ungelala siku chache na jemu yako, na kukimbia ungekimbia mwenyewe. Mimi nami nimekosa. Niliwalisha watoto barafu nikitazama mvuke, nisitazame nyuso zao. Barafu nimeikomesha."

Akamfunika blanketi hadi kidevuni.

"Wazee husema, mficha maradhi kilio humuumbua. Mbele ya kamera jifanye utakavyo, Taisia, hiyo ndiyo kazi yetu. Lakini mbele ya muuguzi usiigize. Filamu ina watoto wawili wa kufanana. Mama yako ana mmoja."