Mgeni wa Uwanja wa Ufuta

Nesi Brigita aliipiga mizani kofi, kama redio iliyokwama, akamning'iniza Warda upya. Kilo tisa. Mwezi uliopita alikuwa na kumi na nne, na kwa macho hakuwa amepungua hata kidogo: mashavu yale yale, kitumbo kile kile cha ubwabwa, na mdomo usiojua kunyamaza.

"Mama Warda, mizani yangu imeharibika hii," alisema nesi. Akampima mtoto mwingine wa foleni. Kilo zake zikawa sawa na kadi. Akamrudisha Warda. Tisa. Nesi alivua miwani, akaifuta, kisha akaandika kumi na nne, maana hakutaka kuandika jambo ambalo asingeweza kulieleza. Zuwena, mama mtoto, aliona, akamfunga Warda mgongoni. Njia nzima ya kurudi alikuwa akipeleka mkono mgongoni kuhakikisha mtoto bado yupo.

Yeye alijua lilianzia wapi. Wiki tatu nyuma ufuta wao ulikuwa umepigwa na kulundikwa juu ya turubai shambani, upande wa nyuma wa Kiranjeranje, na siku mbili nzima upepo ulikuwa umegoma. Bila upepo ufuta haupepeteki, na wingu lilikuwa likijikusanya. Zuwena akapiga mluzi wa kuita upepo, kama alivyokuwa akifanya bibi yake. Mara tatu, basi.

Kilichokuja ni kisulisuli. Hakikuwa kikubwa, kimo cha mtu, vumbi jekundu linalojizungusha. Kilifuata kinjia cha shamba taratibu, kikafika ukingoni mwa turubai, kikasimama. Wanawake waliokuja kumsaidia walitema mate, wakasoma bismillahi. Zuwena naye, kwa uchovu na ule utani wake usiokuwa na breki, akasema, "Karibu, mgeni. Ingia, mbona wasimama mlangoni?"

Wenzake walicheka. Kisulisuli kikaingia. Kilipotulia, ufuta ulikuwa mweupe safi, na makapi yamekaa pembeni kama yamefagiliwa. Hakuna aliyekiona kikiondoka.

Nyumbani, pazia la chumbani lilianza kucheza hali majani ya mwembe nje yametulia tuli. Nyumba ikawa na harufu ya vumbi lililodondokewa na mvua, na huo ulikuwa mwezi wa saba. Mchele uliowekwa kwenye ungo ulikutwa umechaguliwa, mawe upande huu, chuya upande ule. Ukweli usemwe: Zuwena alifurahi. Nani asiyetaka kusaidiwa kazi?

Kisha kuku mmoja akaonekana juu ya paa, hawezi kushuka. Twalib, mumewe, alipomtoa alimkuta mwepesi kama ganda la yai. Na jioni ile waliyotoka kliniki, Zuwena alipoingia chumbani kumwamsha Warda kutoka usingizi wa alasiri, alisikia kwanza ule mvumo mdogo, kama mtu anayepuliza uji, akasogeza pazia ambalo lilimsogea mkononi lenyewe, akamwona mwanawe amelala chali hewani, shubiri nzima juu ya mkeka, akizunguka polepole, nywele zikipeperuka, na chini yake vumbi jekundu likienda mduara, likienda mduara, bila haraka, kama mama anayepepeta nafaka ambayo haijamaliza kutakata.

"Twalib," aliita kwa kunong'ona. "Njoo. Usipige kelele."

Walimvuta chini, wakamfunga kwa kanga kwenye mguu wa kitanda. Warda aliamka akicheka. "Mama, mgeni ananirusha," alisema.

Asubuhi Twalib alimleta Bi Kudra, fundi wa uganga kutoka Kipatimu, ambaye alishuka kwenye bodaboda akiilaani barabara.

"Shikamoo, Bi Kudra."

"Marahaba. Mgongo wangu hauna hali. Nani alimkaribisha?"

Zuwena alitazama chini. "Mimi."

Fundi hakufungua hata mkoba wake. "Angekuwa ameingia kwa wizi ningemfukuza. Huyu ni mgeni, mwanangu, na hana ubaya. Anapepeta, ndiyo kazi anayoijua. Sasa anampepeta mtoto. Siku mbili, tatu, hatabaki wa kufungwa kanga."

"Tufanyeje?" aliuliza Twalib kwa sauti ya chini, jicho kwenye pazia.

"Mgeni husindikizwa. Na mwenyeji wake."

"Mpaka wapi?" aliuliza Zuwena.

"Desturi unaijua mwenyewe. Mgeni ndiye husema inatosha, rudi."

"Nitakwenda mimi," alisema Twalib.

"Wewe hukumkaribisha."

Zuwena alioga, akavaa kanga zake mpya. Aliogopa, na hakuficha. Alishika unyayo wa Warda, akaubana, akauachia. Kisha akasimama katikati ya chumba. "Mgeni, umekaa nasi vizuri. Twende nikusindikize."

Pazia likatulia. Kizingitini vumbi liliinuka, likamfika begani, wakatoka pamoja kwenye jua la saa nne. Majirani walifunga madirisha. Twalib alisimama mwisho wa ua, Warda mikononi, akimtazama mkewe akipita uwanja wa ufuta. Zuwena hakugeuka.

Hapo Twalib alihisi mkono wake ukivutwa chini. Kidogo, kisha zaidi. Uzito wa mtoto ulikuwa ukirudi. Twalib alicheka huku machozi yakimtoka. "Zuwena! Uzito unamrudi! Zuwena!"

Zuwena alinyoosha mkono juu bila kutazama nyuma. Akaipita mikorosho ya mwisho.

"Inatosha!" alipiga kelele Twalib. "Rudi, mama, inatosha!"

Bi Kudra alimziba mdomo. "Si wewe wa kusema," alimwambia, naye pia alikuwa akilia.

Twalib alijinasua akakimbia, Warda begani, akifuata nyayo za mkewe kwenye mchanga wa njia. Mwanzoni zilikuwa nyayo kamili, kisigino na vidole vitano. Baada ya mikorosho zikawa vidole tu. Mbele kidogo zilikuwa mikwaruzo, kama ya kuku, halafu mchanga ukawa laini, umechekechwa, na njia ilikuwa wazi mpaka macho yanapoishia, bila mtu na bila upepo.

"Baba, nishushe," alisema Warda. "Mama amefika wapi?"

Alikuwa mzito, mzito kabisa, na Twalib hakumshusha.