Mama Chuo

Mpembuzi aliwashwa saa tatu na nusu asubuhi, na ukuta mzima wa Ukumbi wa Utetezi ukajaa maneno ya Kemilembe. Kurasa mia tatu na kumi na mbili zilitandazwa kwa mwanga kuanzia sakafuni hadi darini, herufi nyeupe juu ya weusi, na kila aliyeketi mle akainua shingo. Kazi ya mashine hii ni moja tu. Inasoma kila sentensi ya tasnifu, inailinganisha na kila kitu kilichowahi kuandikwa na binadamu au na mashine, kisha inaipaka rangi: kijivu kama jambo limeshajulikana, kijani kama ni jipya. Ukipata kijani asilimia tano, wewe ni daktari wa falsafa. Usipopata, hakuna mjadala wala rufaa. Maprofesa walinyang'anywa uamuzi huo mwaka 2079, baada ya kelele nyingi za upendeleo.

Ukisikia hivyo utasema hiyo ni haki tupu. Subiri kwanza.

Kemilembe alikuwa amesimama mbele na gauni lake jipya la kitenge. Mwisho wa ukumbi palikuwa na meza ya pilau, sambusa na kreti tatu za soda, vyote kavileta yeye. Katika Chuo Kikuu cha Ziwa Kuu mtahiniwa ndiye anayewalisha watahini wake, apite asipite. Mwaka huu ni 2094, treni zinaelea juu ya reli na kuna watu wanaoishi mwezini, lakini desturi ya pilau haijapata wa kuiondoa.

Karibu na meza hiyo aliketi dada yake, Adventina, aliyefika jana kwa treni ya sumaku kutoka Bukoba. Pembeni yake alikuwa Asimwe, binti wa miaka tisa, soksi zimevutwa hadi magotini.

"Mama Chuo!" Asimwe aliita kwa mnong'ono uliosikika ukumbi mzima. "Yale yote umeandika wewe?"

"Yote," Kemilembe alijibu, akajaribu kutabasamu.

Asimwe ni mtoto wa Kemilembe, wa kumzaa mwenyewe. Alikuwa na mwaka mmoja mama yake alipoanza uzamivu, na bweni la watafiti haliruhusu watoto, kwa hiyo akaachwa kwa Adventina. Akaambiwa ni kwa miaka mitatu tu. Alipojua kusema, akawapanga mwenyewe: Mama ni huyu anayenifunga viatu, na yule anayeonekana kwenye simu kila Jumapili ni Mama Chuo. Watu walicheka sana siku ile. Kemilembe naye alicheka, kisha akaenda chooni akalia.

Ahadi ilikuwa hii: siku nitakayomaliza, nakuja kukuchukua. Mwenye uzamivu anapewa kazi ya kufundisha na nyumba ya chuo, na nyumba zile zina chumba cha mtoto. Asiye nao hana kazi, maana kupima, kuhesabu na kuandika ripoti sasa hufanywa na mashine kote nchini. Na hapakuwa na nafasi ya pili. Sheria inatoa miaka minane, na ya Kemilembe ilikuwa inaisha Ijumaa.

Walianza sita mwaka ule. Mmoja aliolewa akaacha. Wawili walichoka wakaondoka bila kuaga. Mmoja msimamizi wake alifariki katikati ya sura ya tatu na hakupatikana wa kumrithi. Mmoja aliugua kichwa, akawa anaongea na nzi maabarani. Amebaki Kemilembe, na kila akienda likizo nyumbani aliulizwa, "Hivi hicho kitabu bado tu hakijaisha?"

Kitabu chenyewe kilihusu mnyauko mweusi wa migomba, ugonjwa ulioanza kuteketeza mashamba ya Kagera alipokuwa sekondari. Kwa misimu kumi na mbili alipita shamba kwa shamba akichimba mashina. Akagundua kwamba migomba inayomwagiwa majivu ya jikoni huota kuvu mweupe kwenye mizizi, na kuvu huyo huuzuia ugonjwa. Hakuna aliyewahi kulisema hilo. Alipolipata alipiga magoti kwenye matope peke yake, akapiga kelele za furaha mpaka mwenye shamba akatoka na panga.

"Sura ya kwanza," ilisema sauti ya Mpembuzi, sauti ya upole ya mama wa makamo. Sentensi zikaanza kugeuka kijivu, moja baada ya nyingine.

Hilo lilitarajiwa, sura ya kwanza ni ya mambo ya zamani. Ya pili nayo ikawa kijivu, na ya tatu, na ya nne. Profesa Mutalemwa, msimamizi wake, aliyekuwa mstari wa mbele na suti yake ya kahawia, aliinua kidole gumba. Sura ya tano ndiyo ilikuwa na majivu.

Sura ya tano ikawa kijivu.

Mwanzoni Kemilembe alidhani ni macho yake. Aliusogelea ukuta, akaigusa sentensi aliyoipenda kuliko zote. Mpembuzi akaieleza kama ilivyo desturi yake.

"Jambo hili limeshajulikana. Limehitimishwa na Mhitimishi, tarehe kumi na nne Machi, mwaka 2093. Chanzo cha data: daftari hai namba nne elfu mia nne sabini na moja."

"Hilo daftari ni langu," Kemilembe alisema.



Daftari hai ni kibao chembamba anachopewa kila mtafiti. Unaandika shambani, na kila Ijumaa kinapeleka vyote kwenye Ghala la Maarifa la chuo, utake usitake. Mhitimishi ni akili unde inayolisoma Ghala na kutoa mahitimisho, ambayo watafiti hawaonyeshwi. Zamani iliruhusiwa kusoma hali ya hewa na takwimu za hospitali tu. Januari 2093 chuo kiliifungulia madaftari yote, kwa waraka wa mistari minne. Kemilembe aliusoma waraka ule, akakimbia ofisini kwa Profesa akihema. Mzee akacheka. "Binti yangu, nyaraka za mashine zisikutie presha. Wewe lete rasimu yako."

Akaipeleka mwezi wa pili, imechapwa kwenye karatasi, maana Profesa hasomi kwenye kioo. Alisoma kwa kalamu nyekundu. Alirekebisha mkato, alirekebisha nukta, akaandika pembeni: *Ongeza msimu mmoja.* Kemilembe hakubisha. Nani anambishia msimamizi wake, mtu ambaye bila saini yake huwezi hata kuomba tarehe ya utetezi? Akaenda kuhesabu migomba msimu mwingine. Rasimu ilikaa juu ya kabati la Profesa miezi kumi na minne.

"Mpembuzi," Kemilembe aliita sasa. "Ningeileta Februari mwaka jana, ningepata ngapi?"

"Kemi, usiulize hilo," alisema Profesa.

"Asilimia thelathini na nane," Mpembuzi alijibu.

Profesa Mutalemwa alisimama, akakaa tena. Alikuwa mwalimu mzuri, na hili lazima lisemwe hata kama linauma. Alimlipia nauli mara kadhaa, alimtembelea alipolazwa. Katika miaka thelathini hakuwahi kurudishiwa mwanafunzi hata mmoja, na aibu hiyo ndiyo aliyoiogopa kuliko kitu chochote.

"Nilitaka iwe nzuri," alisema. "Nilitaka wasipate pa kuishika."

"Najua, Profesa."

"Ungeniambia una haraka!"

"Nilikuambia, Profesa. Nilikuambia nina mtoto."

Profesa alitoa leso, akaanza kufuta miwani iliyokuwa safi.

Mpembuzi, asiyejua kusubiri watu wamalize huzuni yao, aliendelea. Sura ya sita, kijivu. Marejeleo, kijivu. Kurasa za mwanzo ndizo husomwa mwisho: jalada, ikirari, yaliyomo, zote kijivu. Halafu, pembeni juu kushoto, ukurasa mmoja ukawaka kijani kibichi, wote, kuanzia mstari wa kwanza hadi wa mwisho.

Adventina alikuwa ameelezwa jambo moja tu kuhusu mashine hii, kwamba kijani ni kupita. Akaruka juu na kanga yake, akapiga vigelegele virefu vya kuitikisa dari. Asimwe naye akaruka. Vigelegele vilikwenda, vikaenda, vikafika mahali vikajikuta viko peke yake, na Adventina akashusha mkono polepole.

"Ni ukurasa gani huo?" aliuliza mwenyekiti wa jopo, Dokta Nyamizi, mwanamke mkavu asiyependa kupotezewa muda.

"Shukrani," alisema Mpembuzi, akausoma kwa sauti ileile ya upole. "*Namshukuru dada yangu Adventina, ambaye mwanangu anamwita mama. Asimwe, sikuwepo jino lako la kwanza lilipong'oka. Sikuwepo ulipougua surua. Nilikuwa mashambani kwa watu nikihesabu migomba yao. Siku moja usiku uliniota, ukamwambia mama yako kwamba umeota mtu wa kwenye simu. Nisamehe. Namaliza sasa hivi.* Habari hizi hazijawahi kurekodiwa popote. Ni mpya."

Dokta Nyamizi alitazama karatasi zake muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Shukrani hazihesabiwi," alisema hatimaye, na tumtendee haki, hakulisema kwa furaha. "Na hata zingehesabiwa, jumla ni asilimia sifuri nukta tatu. Jopo linasikitika. Mtahiniwa atapewa Hati ya Mchangiaji wa Data." Akafunga jalada. "Ugunduzi wako umeshaanza kutumika Uganda, mama. Migomba imepona. Sijui kama hilo linakusaidia."

"Halinisaidii," Kemilembe alisema.

Basi watu wakainuka, na kwa kuwa hawakujua la kufanya, wakaenda kwenye meza. Wakachukua sahani. Mtu akafungua soda taratibu, akizuia isipige kelele. Kwenye misiba hivyo ndivyo inavyokuwa, na angalau kwenye msiba wenyewe watu wanajua cha kusema.

Kemilembe alitoka nje, akakaa kwenye ngazi za saruji. Adventina akamfuata, akakaa kushoto kwake. Hakusema "Mungu atasaidia", alimshika tu goti. Asimwe alisimama ngazi moja chini yao na sambusa mkononi, akiwatazama wote wawili.

"Mama Chuo, umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Hurudi tena chuoni? Hata kesho?"

"Sirudi. Ijumaa kadi yangu inafungwa."

"Kwa hiyo tunahamia kwenye ile nyumba?"

"Hakuna nyumba, mwanangu. Sikupita."

Asimwe alifikiri. Alikuwa mtoto wa kupenda mambo yaeleweke, na pengine hilo alilirithi. Alikuja akaketi upande wa Adventina, akamwegemea, akaingiza mkono kwenye mkono wake kama alivyozoea kufanya kila siku ya maisha yake bila kufikiri.

"Mi' sikasiriki," alisema. "Nyumbani kwetu pazuri tu."

"Najua."

"Lakini sasa chuo umeacha." Aliing'ata sambusa, akaitafuna yote kabla ya kuendelea, kama alivyofundishwa. "Sasa nikuiteje?"

Kemilembe alimtazama dada yake. Adventina aliinamisha uso, akaanza kuipangusa saruji ya ngazi kwa kiganja, ingawa haikuwa na vumbi. Ndani ya ukumbi Mpembuzi alizimwa, na mwanga wa kijani ukatoweka dirishani. Asimwe aliendelea kusubiri jibu.