Unyoya wa Bwana Kasoro

Zama zile nguo za merikani zilipokuwa zikipanda bara kwa mabega ya watu, toka Bagamoyo hata Unyanyembe, alishuka pwani Mmarekani mmoja, jina lake Eliya Hobati. Hakuwa mfanyabiashara wala nahodha. Kazi yake huko kwao ilikuwa kuandika insha na kuvipima vitabu vya watu wengine, kipi chema na kipi kibovu. Aliogopwa. Mtunzi aliyeguswa na kalamu yake alikuwa hali chakula siku hiyo.

Na mmoja wa hao aliowagusa alikuwa mdogo wake, tumbo moja, aitwaye Yoeli. Yoeli alitunga mashairi juu ya kisima cha nyumbani kwao, baada ya mama yao kufa. Eliya akaandika gazetini kwamba mashairi yale ni maji ya uvuguvugu, hayaburudishi wala hayaunguzi. Yoeli alifunga virago vyake. Alipanda meli iendayo Unguja, akaingia bara, akapotea machoni pa ndugu zake.

Miaka ikapita. Eliya akawa anaamka na beti za mdogo wake mdomoni, zile zile alizozikebehi:

Ndoo ingali ukutani, mtekaji hayupo;
Kisima kikiniuliza, nitajibu nini?

Basi nahodha mmoja alipomletea habari kwamba Yoeli ni mgonjwa sana huko Unyanyembe, Eliya alifunga nyumba yake, akasafiri. Alitaka jambo moja tu: amshike ndugu yake mkono, amwambie kwa kinywa chake mwenyewe, "Beti zile hazijanitoka." Hakutaka lingine duniani.

Msafara aliofuatana nao ulikuwa wa Mwinyi Kondo, mtu wa Bagamoyo, mwenye kilemba cheupe na sauti ya upole. Kirangozi wake, yaani mtu wa kutangulia njiani, alikuwa Mnyamwezi aitwaye Mihambo. Alivaa joho jekundu, na kichwani ngozi ya mbega iliyochomekwa manyoya ya ndege. Bendera nyekundu ilikuwa nyuma yake, na ngoma ndogo nyuma ya bendera.

Wapagazi walimpa Eliya jina kabla hawajavuka mto Kingani. Walimwita Bwana Kasoro, maana aliwasimulia kazi yake ya kwao, na kila kitu alikitia kasoro: uji una moshi, mahema yamepinda, nyimbo zinarudia maneno.

"Wimbo wako una neno moja tu, Mihambo," alisema siku moja.

"Bwana Kasoro," akajibu Mihambo, "wewe wausikiliza kwa masikio. Jitwike mtumba huu, kisha uusikilize kwa mabega."

Wapagazi walicheka hata mmoja akaangusha mzigo. Eliya naye akacheka, ila jioni walimwona ameegemea marobota ya merikani, shavu kwenye nguo. Nguo zile zilifumwa karibu na mji wao. Alikuwa akinusa kwao.

Palikuwa na sheria moja katika misafara, nayo Mwinyi Kondo alimweleza mapema: hakuna ampitaye kirangozi. Awe mtumwa au tajiri, akimpita, huchomolewa mshale mmoja katika podo lake, ukawekwa kuwa ushahidi mpaka alipe faini.

"Sina mishale," alisema Eliya.

"Basi usimpite, bwana wangu. Ni rahisi hivyo."

Walipokaribia maji ya Nhundu, katika nchi kavu ya mtemi Chilewa, walikutana na muuza chumvi atokaye mbele. Mwinyi Kondo akamuuliza habari za njia.

"Njia njema. Kuna msafara unateremka toka Unyanyembe, uko karibu na kilima kile. Wamembeba Mzungu mgonjwa kwenye machela. Amekonda, lakini anaimbisha wapagazi, masikini ya Mungu!"

Eliya alishika ukosi wa mtu yule. "Jina lake?"

"Wanamwita Bwana Kisima."

Mihambo alikuwa ameketi, anavaa joho lake taratibu na kungoja bendera ikunjuliwe, kama ilivyo desturi ya kuingia katika nchi ya watu. Eliya hakungoja. Alitwaa bunduki yake, akampita Mihambo mbio, mbele peke yake, bila bendera, bila ngoma.

"Rudi!" alipiga kelele Mihambo. "Bwana, rudi! Watadhani ni vita!"

Na ndivyo walivyodhani. Walinzi wa boma la Chilewa waliona mtu mgeni anakimbia na silaha, na nyuma yake watu wanapiga mayowe. Ngoma kubwa ikalia. Vijana wakatoka na ngao za ngozi ya nyati na mikuki mirefu. Wapagazi wawili walimfikia Eliya, wakamburuta kurudi huku mishale ikidondoka pande zote. Mwinyi Kondo akaamuru marobota yapangwe mviringo, wakajificha ndani yake, na nguo za kwao Eliya zikapokea mishale badala ya vifua vya watu.

Mihambo alimwendea Eliya akihema. Akautazama mkoba wa Eliya, akachomoa unyoya wa bata bukini, ile kalamu ya Eliya ya kuandikia, akauchomeka kichwani pake mwenyewe kati ya manyoya yake mengine.

"Huna mshale. Nadhani huu ndio ulioua watu kwenu," akasema.

Walizingirwa pale, maji wanayaona kwa macho na hawayafikii. Wapagazi hawakumtukana Eliya. Walimgawia maji ya mwisho ya kibuyu sawasawa na wao, na hilo lilimuumiza zaidi. Asubuhi ya pili, upepo ulipogeuka, alisikia sauti toka ng'ambo ya kilima. Watu wengi walikuwa wakiimba kwa Kiswahili:

Ndoo ingali ukutani, mtekaji hayupo . . .

Alisimama wima juu ya marobota. "Yoeli! Yoeli!" Mwinyi Kondo akamvuta mguu, akaanguka, na mshale ukapita pale kilipokuwa kichwa chake. Wimbo ukaendelea kidogo. Kisha ukaanza kupungua, ukaenda upande wa kusini, ukaisha.

Mihambo akainuka. Alikunjua bendera, akaifunga begani, akavua kisu chake, akatoka bila silaha akipiga ngoma polepole. Mshale ulimpata pajani. Akachechemea mbele, hakuacha kupiga, mpaka mtemi Chilewa mwenyewe alipotoka akainua mkono kuzuia vita.

"Kirangozi, kwa nini ulikuja nyuma safari hii?" aliuliza Chilewa.

"Nilipitwa na mtu mwenye hamu," akasema Mihambo.

Eliya akauliza habari za wale wa kilimani. Mtemi akamtazama kwa huruma. "Wenye machela? Walisikia ngoma ya vita, wakalala nyuma ya kilima, kisha wakageuka, wakashika njia ya kusini. Kama pasingekuwa na vita, jana wangekunywa hapa."

Hapakuwa na wa kuwafuata. Njia ya kusini haina maji, na Eliya alianza kutetemeka kwa homa siku ile ile. Mwinyi Kondo akaendelea na safari. Mihambo mwenye jeraha na Eliya mwenye homa wakabaki Nhundu. Baadaye habari zikafika kwamba Bwana Kisima alifika pwani mzima, akapanda meli kwenda kwao. Eliya alishukuru Mungu, kisha akageukia ukuta.

"Lipa faini yako," Mihambo akamwambia. "Sitaki mbuzi. Nataka wimbo. Umepima vya watu maisha yako yote, nawe tunga."

Eliya alichukua muda mrefu. Akatunga akiwa amelala, naye Mihambo akakariri:

Mtekaji hayupo, kamba nimeishika mimi;
Kiambie kisima kingoje, naja nyuma yako.

"Kasoro yake?" aliuliza Eliya.

"Ni mfupi," akasema Mihambo, akifuta macho. Akauchomoa ule unyoya. "Umelipa. Chukua."

"Uache hapo hapo. Hapo unatangulia kwa haki."

Eliya hakuiona masika. Walimzika chini ya mgunga, na Mihambo akalifundisha jibu lile kwa kila msafara ulioteremka pwani, akitumaini litavuka bahari. Kama lilimfikia Yoeli, Mungu ndiye ajuaye.

Insha za Eliya hakuna azijuaye katika njia ile. Wimbo ndio uliobaki. Wapagazi wa mbele huuliza habari za kisima, na wa nyuma huitikia kwamba wanakuja. Nao hutembea hivyo kutwa nzima, wa nyuma wakiitikia, wala hakuna ampitaye aliye mbele.