Kipisi Kisichong'atwa

Umeme uliporudi gereji, saa nane na robo usiku, gari jeupe lilikuwa bado limefunuliwa boneti. Lakini kompyuta yake, kile kisanduku kinachoiamuru injini, haikuwepo. Nyaya zilikuwa zimekatwa kwa kisu. Chini ya usukani kulikuwa na kipisi cha sigara.

"Fegi ya Waya hiyo, aina yake!" Shemeji alipayuka.

Waya, fundi umeme, alikuwa mtoto wa dada yake Bosi, na juzi tu Bosi alikuwa ametangaza kwamba gereji atamwachia yeye. Sasa Bosi alimtazama kama mtu baki.

"Nimekulea mwenyewe. Ikithibitika ni wewe, usiniite tena Mjomba."

Inspekta, mwanamke wa sauti ya chini, alifika saa tisa. Alianza na Gia, fundi injini.

"Umeme ulipokatika ulikuwa wapi?"

"Chini ya lori, Afande. Mgonjwa nimeshampasua, nimwache? Nikabaki hapo hapo nikitukana."

"Matusi yake niliyasikia," alisema Waya. "Nilikuwa nje naangalia fyuzi."

"Peke yako?"

"Peke yangu."

Shemeji aliguna. Yeye, ndugu wa mke wa Bosi, kazi yake ilikuwa kupokea wateja. Mkono mmoja wa shati lake jeupe ulikuwa umekunjwa hadi kiwiko. Wa pili umefungwa kifungo.

"Mimi nilikuwa ofisini. Na sigara sivuti, hata moshi wake unanikera."

Koti la Waya, pakiti ikichungulia mfukoni, lilikuwa limetundikwa kwenye mlango wa ofisi hiyo hiyo. Inspekta aliitoa pakiti, akawanyooshea Gia na Waya.

"Hebu vuteni, nyote wawili."

"Afande, siku zote ungekuja wewe!" Gia alicheka.

Mikono yao ilikuwa myeusi kwa oili. Hawakuigusa sigara. Kila mmoja aliichomoa kwa meno, Bosi akawawashia, wakavuta wameing'ata huku mikono ikining'inia. Walipomaliza walivitema vipisi ndani ya kopo la maji.

"Kwa nini majini?"

"Petroli imejaa humu," Waya alijibu. "Tutaungua wote."

Inspekta aliinua kile kipisi. Kichungi kilikuwa cheupe, hakina alama ya jino wala doa la oili.

"Aliyetaka kumsingizia Waya alihitaji kipisi chake. Vyote vimelowa koponi. Ikabidi achomoe mpya kwenye koti lile mlangoni, aivute mwenyewe, kwa vidole safi." Akageuka. "Shemeji, kunjua mkono wa shati."

"Joto tu, Afande..."

"Joto la mkono mmoja?"

Bosi mwenyewe aliuvuta ule mkunjo. Kitambaa kilikuwa na tundu dogo, kingo zake zimeungua.

"Asiyezoea fegi gizani hujichoma," alisema Inspekta.

Shemeji alinywea. "Kisanduku kiko ndani ya tairi bovu, nyuma ya choo." Kisha akamkazia macho Bosi. "Miaka yote nakufungulia geti, nakuombea radhi kwa wateja. Halafu gereji unampa mtoto wa juzi! Nilitaka umfukuze, basi."

Inspekta alimfunga pingu. Gia alikuwa ameshakimbilia nyuma ya choo. Alirudi amekibeba kisanduku kama kichanga, akipiga vigelegele.

Bosi alichomoa sigara, akaipeleka mdomoni mwa Waya. Akawasha kiberiti.

"Mwanangu..."

Waya alirudisha kichwa nyuma, akapokea kisanduku, akaliinamia gari jeupe.

"Fegi baadaye, Mjomba. Nimulikie mgonjwa kwanza."