Chakula Kilichopigwa Pasi

"Dereva wa garimoshi yuko wapi?"

Nilikuwa jikoni kwa Memsahibu, bibi wa Kizungu, hapa Arusha, mwaka hamsini na mbili, aproni kiunoni na kisu mkononi. Mlangoni alisimama Mzee Sumari wa kijiji cha Akheri, baba yake Hanna, ameshika chane ya ndizi mbivu.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mpishi. Niitie mkwe wangu, Elisaria."

Elisaria ni mimi. Nilimgeukia Hanna, dobi wa nyumba ile na mchumba wangu. Alikuwa ameiinamia pasi yake ya mkaa, hataki kuinua uso.

"Hanna, ulimwandikia nini baba?" nilinong'ona.

"Niliandika, 'Kazi yake ni ya moto na moshi, na Wazungu hawaendi popote bila yeye.' Uongo uko wapi? Bila chai ya asubuhi wataenda wapi?"

Mzee alisikia kila neno.

"Yaani ni wewe? Mwanamume mzima unapika! Na mimi nimeshalitangazia kanisa zima kwamba mkwe wangu anaendesha garimoshi! Hanna, funga mzigo, twende nyumbani."

Nilimpenda binti yule kuliko kazi, kuliko usingizi. Kabla sijajibu, sauti ikatoka barazani.

"Mpishi! Sandwichi yangu!"

Memsahibu alitaka ya nyama ya paja la nguruwe, jibini na tufaha, tena ya moto. Nikafungua kapu. Matufaha yote yameoza.

"Baba, naomba ndizi mbili."

"Nikupe ndizi zangu? Wewe?"

"Nikifukuzwa leo, baba, mkwe wako hatakuwa hata mpishi."

Alinitupia chane nzima kwa hasira. Nikapaka mkate siagi, nikapanga nyama, jibini na vipande vya ndizi, nikafunika kwa mkate mwingine na kuweka kikaangoni, kifuniko bapa juu yake.

"Hanna, pasi!"

Akaja mbio, akaiweka juu ya kifuniko na kukandamiza. Jibini likaanza kuyeyuka.

"Chakula kinapigwa pasi?" mzee aliuliza.

"Kila siku, baba," Hanna alisema. "Yeye analeta mkate, mimi naleta pasi. Ndivyo tulivyopendana."

Nilitengeneza mbili. Moja ilikwenda barazani, ya pili nikampa mzee. Alikula yote, akalamba vidole, akaitazama sahani.

"Kuna nyingine?"

"Naitengeneza sasa hivi, baba."

"Kijana, Hanna amekwambia habari za makande yake?"

"Baba, jamani!" Hanna alijifunika uso.

"Aliwapikia wazee wa kanisa. Mchungaji alikula kwa imani tu. Tangu siku ile namwomba Mungu, huyu akiolewa, watakula nini?"

Hanna alikuwa anacheka huku machozi yanamtoka.

"Kwa hiyo umekubali, baba? Na watu wa Akheri utawaambiaje?"

"Nitawaambia garimoshi limeharibika, dereva yuko jikoni. Harusi ni baada ya kuvuna kahawa. Na wewe, Hanna, siku hiyo jikoni ulete pasi tu."