Ufito Uliosimama Bonde la Narlag

Kwa heshima na taadhima, mbele ya mbingu ya buluu na mifugo yote iliyobaki hai, natangaza kwamba Vita Kuu ya Bonde la Narlag ilianza saa tatu asubuhi, Mzee Luvsan akitoka chooni huku anafunga mkanda.

"Khulan! Njoo hapa uone!"

Binti yake aliacha ndoo ya maziwa akaja mbio. Siku tatu tu zilikuwa zimebaki aolewe na kaka yangu, Erdem.

Ng'ambo ya bonde, juu ya kilima, ufito wa kunasia farasi ulikuwa umesimikwa wima, kitambaa cheupe kikipepea kwenye kitanzi chake. Kwetu hata mtoto anajua: ufito ukisimama nyikani, kuna wawili wamelala nyasini, geuza farasi upite mbali. Baridi ilikuwa ya mwezi wa kumi na moja, lakini mapenzi hayana kipimajoto. Na ufito wenye alama nyekundu ulikuwa mmoja tu. Wa Erdem.

"Nilidhani uko naye pale," mzee alisema. "Nilikuwa natafuta mjeledi."

"Mimi niko hapa, baba."

"Naona. Sasa aliye naye ni nani?"

Nani aliusimika ufito ule? Wataalamu bado wanachunguza. Tuendelee.

Saa sita Erdem alirudi kutoka mjini na pikipiki yake. Kilimani karibu na hema letu ndipo simu hupata mtandao, na ujumbe wa Khulan ukaingia mfululizo.

"Uko wapi?"

"Ufito wako nimeuona."

"Kitambaa ni cheupe. Mimi changu ni cha kijani. Hongera."

Alipiga simu.

"Khulan, mimi nilikuwa mjini!"

"Kufanya nini?"

"Siwezi kusema. Utajua siku ya harusi."

"Harusi ya nani? Yangu au ya mwenye kitambaa?"

"Khulan, naapa kwa kaburi la mama, sijui ufito umefikaje kule."

"Umetembea wenyewe? Una miguu?"

Mimi nilikuwa kando yake. Nilikuwa na andazi la nyama mdomoni.

Kisha sauti nzito ya Mzee Luvsan ikaingia simuni. "Mwambie bibi yako jiwe langu liko kwenye beseni."

Ukoo wa Luvsan una jiwe lililotoka tumboni mwa farasi. Likioshwa, theluji inashuka. Sisi tuna ngoma ya Bibi Dulmaa. Ikipigwa, upepo wa joto unapanda kutoka kusini. Miaka arobaini koo hizi zimegombea Narlag, bonde pekee ambalo theluji haitulii. Mifugo ikilala pale, inaiona masika. Ndoa ya Erdem na Khulan ndiyo ingelifanya bonde kuwa la wote.

"Ananiletea theluji mimi?" Bibi aliacha maandazi ya harusi, akafuta unga kwenye joho. "Mimi niliyempangusa Luvsan kamasi?"

Akashika ngoma.

Theluji ilikuja kama ukuta unaotembea. Upepo wa Bibi ukaulamba, ukawa mvua. Luvsan akaosha jiwe tena, mvua ikaganda ikiwa hewani. Bibi akazidisha mapigo, ikayeyuka. Luvsan akasugua, ikaganda. Kufikia siku ya pili, Narlag yote ilikuwa chini ya barafu nene kama kioo. Nyasi tulikuwa tunaziona, za manjano, zimelala vizuri. Kondoo walizikwangulia mpaka kwato zikatoka damu, kisha wakaanza kulala chini mmoja mmoja.

"Bibi, acha! Bonde linakufa!" Erdem alilia.

"Aache yeye kwanza."

Ng'ambo, Khulan alikuwa amepiga magoti mbele ya beseni. "Baba, acha!"

"Aache yule bibi kwanza."

Erdem alitandika farasi. Nilimshika mkono wa joho.

"Kaka, kuna jambo nataka kukuambia."

"Utaniambia nikirudi. Niwekee maandazi yangu, we mlafi, usiyamalize."

Akaingia kwenye ule weupe.

Siku ya tatu, siku ya harusi, ngozi ya ngoma ilipasuka na jiwe likavunjika vipande viwili. Kukawa kimya. Tulimkuta kaka amefia chini ya ufito wake, ameuinamisha nusu, mikono imeganda juu yake. Kwenye simu kulikuwa na ujumbe uliokataa kwenda: "Nakuja. Nang'oa kwanza huu uongo." Kifuani alikuwa na kiboksi cha herini za marijani.

Jioni Khulan aliingia hemani kwetu na baba yake. Alikuwa amevaa joho la harusi na zile herini. Bibi aliwamiminia chai ya chumvi. Hakuna aliyekunywa. Khulan akaja kuketi kando yangu.

"Wifi."

"Abee, dada."

"Bwenini kwenu bado mnashonewa namba kwenye nguo?"

"Ndiyo."

"Kitanda chako namba ngapi?"

Nilimtazama Bibi. Bibi alikuwa anatazama mkono wa Khulan, uliokuwa unatoa kitu cheupe ndani ya joho. Utepe wangu wa nywele wa shule. Pembeni, kwa uzi mwekundu ambao Bibi alinishonea mwenyewe: 17.

"Kumi na saba," nilisema.

"Sema. Wote wawili wasikie."

Hakuna mtaalamu anayechunguza. Ni mimi. Niliuiba ufito alfajiri, kaka akiwa ameshaondoka. Nilitaka Mzee Luvsan adhani maharusi wameshindwa kuvumilia siku tatu, wazee waone haya, watu wacheke kwenye karamu. Sikuwaza kwamba Khulan angekuwa nyumbani anakamua ng'ombe. Nilikuwa na nafasi mbili za kusema. Ya kwanza mdomo ulikuwa umejaa. Ya pili niliambiwa nisubiri arudi, nikashukuru moyoni.

Khulan hakunipiga. Afadhali angenipiga.

Maandazi ya kaka sikuyala, wifi. Yako pale juu ya sanduku, kumi na mawili. Yahesabu.